Sanaipei Tande: Wimbo ulivyomfikisha kwenye tamthilia

Mtazamaji wa Meru au Embu aliyemjua Sanaipei Tande mwaka 2020, akiigiza Nana Tandala katika tamthilia ya Kina, huenda asijue kuwa huyu ni mwimbaji kwanza, tena mzaliwa wa Mombasa.

Jina lake lilivuma 2004, aliposhinda shindano la Coca-Cola Popstars na kuunda kundi la Sema na Pam Waithaka na Kevin Waweru. Kundi halikudumu. Wengi hupotelea hapo. Yeye aliingia redioni, akaendelea kuimba, ukiwemo wimbo wa Kwaheri pamoja na Jua Cali.

Kazi hizo zilimwandaa. Mwimbaji hubeba hisia kwa sauti; mtangazaji husema bila kubabaika. Zaidi ya hayo, tamthilia ya Kiswahili yataka mtu asiyekwamwa na maneno mdomoni. Lugha hiyo ndiyo inayomfikisha hata kwa anayesema Kimeru au Kiembu nyumbani kwake.

Vijana wetu wa Pwani wanacho Kiswahili hicho tangu utotoni. Wasikiache barazani tu. Ni mtaji wa kazi. Lakini studio nyingi ziko Nairobi. Je, zetu zitajengwa lini?