Wakati Una Rangi, Tena Umo Mchangani

Aliyeitazama filamu ya Doctor Strange, hata kama ni kwenye kibanda umiza huku DJ akitafsiri juu kwa juu, hajasahau kile kidani. Kikifunguka, duara za mwanga wa kijani huuzunguka mkono wa daktari, na tufaha lililokwisha kuumwa hurudi likawa zima. Katika filamu ile ya mwaka 2016, nguvu ya wakati inaonekana kwa macho, inashikika na inaamrishwa. Kwenye vitabu vya katuni vya Marvel, kito cha wakati, ambacho filamu inakiweka ndani ya kidani hicho, kilikuwa cha rangi ya chungwa kwa miaka mingi kabla watu wa filamu hawajakipa kijani. Watunzi wa Doctor Who nao, tamthilia ya BBC iliyoanza mwaka 1963, wamechagua dhahabu kwa mhusika wao, msafiri wa wakati, anapoacha mwili mmoja na kuibuka na mwingine. Kila mtunzi na rangi yake.

Sina ugomvi na watunzi. Ila mchanga wa kawaida, huu tunaoukanyaga, una mwanga wake wa wakati, na mimi unanivutia kuliko kidani chochote.

Mambo yako hivi. Ardhini mna urani, thoriamu na potasiamu, kidogo kidogo, kila mahali. Mionzi yake, pamoja na ile inayoshuka kutoka anga za juu, hugonga elektroni zilizomo ndani ya chembe ya kwatzi, nazo huhama na kunasa kwenye kasoro za fuwele. Miaka inavyopita ndivyo zinavyozidi kurundikana. Chembe imekuwa kibubu: kila siku kinatiwa senti, na hakuna namna ya kujua kilichomo mpaka ukivunje. Kinachokivunja ni mwanga. Jua la dakika chache linakimaliza chote, na hesabu inaanza upya siku mchanga unapofukiwa tena.

Ndiyo maana wachukuaji wa sampuli hupigilia bomba la chuma kwenye ukuta wa shimo na kuziba ncha zake haraka, mchanga usije ukaona mchana. Maabara yenyewe huwa na taa hafifu nyekundu tu, kama vyumba vya kusafishia picha enzi za filamu za kamera. Humo chembe humulikwa kwa taa za buluu, na kwatzi hujibu kwa urujuanimno, mwanga ambao jicho la binadamu haliuoni kabisa. Feldspa, madini mengine ya mchangani, humulikwa kwa infraredi na kujibu kwa buluu, tena hafifu mno, ni mashine tu inayoihesabu. Kiasi cha mionzi ambacho mwanga huo unaonyesha kuwa chembe ilikusanya kikigawanywa kwa kiwango cha mionzi ya kila mwaka mahali pale, inapatikana idadi ya miaka. Na mashabiki wa kidani wafurahie hili: David Huntley na wenzake wa Chuo Kikuu cha Simon Fraser, Kanada, walipoitangaza njia hii mwaka 1985, waliuamsha mchanga kwa leza ya kijani.

Joto nalo hufanya kazi hiyo ya kuvunja kibubu. Mwaka 1663, Robert Boyle aliieleza Royal Society ya London kwamba alilala na almasi kitandani, akaibana kwenye ngozi yake, ikawaka gizani. Vigae vya vyungu vya kale hupimwa umri kwa kupashwa moto vivyo hivyo, ingawa bila kulala navyo.

Kwetu, mwanga huu umetusimulia habari ya msiba. Katika pango la Panga ya Saidi, Kilifi, watafiti wa Makumbusho ya Taifa ya Kenya na wenzao wa nje walikuta mifupa ya mtoto wa miaka kama mitatu, mita tatu hivi chini ya ardhi. Alikuwa amelazwa ubavu wa kulia, magoti yamekunjwa, na kichwa kilionekana kuwa kiliegemezwa kitu kilichokwisha kuoza. Wakamwita Mtoto. Kaboni 14 haiwezi kumfikia, kwa kuwa inaishiwa nguvu kwenye miaka 50,000 hivi. Mchanga ndio uliojibu: miaka 78,000, na habari hizo zikachapishwa katika jarida la Nature mwaka 2021. Hakuna kaburi la binadamu wa aina yetu la zamani zaidi linalojulikana Afrika.

Kilichopimwa si mfupa. Ni udongo uliomzunguka, na swali lililoulizwa ni lini chembe zake ziliona jua kwa mara ya mwisho. Hapo pana mtego, kwa sababu chembe ambayo haikuota jua vya kutosha hubaki na akiba ya zamani na kuwafanya wazee wazidi kuwa wazee. Jibu la Panga ya Saidi lina mwanya wa miaka kama 4,000 mbele au nyuma. Tangu mfanyabiashara mmoja wa kale alipoiandika pwani yetu kwa Kigiriki katika kitabu cha safari za bahari kiitwacho Periplus, haijapita hata nusu ya mwanya huo.