Pembe Nne za Beberu: Dola ya Alexander Mkuu na Warithi Wake Katika Usomaji wa Kitabu cha Danieli

Utangulizi

Wahubiri wengi tumezoea kukipitia kitabu cha Danieli kwa haraka tufikapo sura ya 8 na ya 11. Twasema kwamba beberu ni Uyunani, pembe yake kubwa ni Alexander, na pembe nne ni majemadari wanne waliogawana dola yake mara tu alipofariki. Kisha twakimbilia mambo ya siku za mwisho. Maelezo hayo si ya uongo, lakini ni mafupi mno, na ufupi huo una hasara yake. Asiyejua jinsi dola ile ilivyogawanyika hawezi kuelewa kwa nini sura ya 11 yawarudia tena na tena mfalme wa Kusini na mfalme wa Kaskazini. Tena ni rahisi kwake kuwapa wafalme hao majina ya mataifa ya leo, na kuwatia washarika hofu isiyo na msingi. Katika makala hii twakusudia kueleza historia hiyo kwa ufupi, kisha kuonyesha faida yake kwa mhubiri.

Alexander na dola yake

Alexander alizaliwa Pella, katika Makedonia, mwaka 356 K.K. Baba yake, Philip wa Pili, ndiye aliyeliunda upya jeshi la Makedonia, akalipa mikuki mirefu sana, na kwa jeshi hilo akaitiisha miji mingi ya Uyunani. Philip aliuawa mwaka 336 K.K., na mwanawe akakalia kiti chake akiwa na umri wa miaka 20 tu.

Mwaka 334 K.K. Alexander alivuka kuingia Asia Ndogo. Aliwashinda Waajemi kwenye mto Granicus, na mwaka uliofuata huko Issus. Mwaka 332 K.K. aliuzingira mji wa Tiro kwa miezi saba hata ukaanguka, kisha akautwaa Gaza. Misri ilimpokea bila vita, naye akaweka huko msingi wa mji wa Iskanderia. Mwaka 331 K.K. alimshinda Dario wa Tatu huko Gaugamela, na mwaka uliofuata Dario aliuawa na watu wake mwenyewe. Alexander aliendelea mashariki hata Bara Hindi. Huko, mwaka 326 K.K., askari wake waliochoka walikataa kwenda mbele zaidi. Alifariki Babeli mwezi Juni mwaka 323 K.K., kabla ya kutimiza miaka 33. Ndiyo sababu beberu wa Danieli aonekana akienda kwa kasi isiyo ya kawaida, na pembe yake yavunjika akiwa katika nguvu zake (Dan. 8:5-8).

Mwandishi Myahudi Josephus asimulia kwamba Alexander alifika Yerusalemu, akamheshimu kuhani mkuu, na kuonyeshwa kitabu cha Danieli. Wanahistoria wengi wana mashaka na habari hiyo. Si vema kuitumia mimbarani kana kwamba ni jambo lililothibitika.

Vita vya warithi

Alexander hakuacha mrithi aliyeweza kutawala. Ndugu yake wa baba mmoja, Arrhidaeus, alikuwa na upungufu wa akili. Mkewe Roxane alikuwa mja mzito, naye baadaye alizaa mtoto wa kiume. Majemadari walipatana kuwatawaza wote wawili, yule ndugu na yule mtoto, chini ya msimamizi aitwaye Perdiccas. Kwa maneno walikuwa watumishi wa jamaa ya mfalme. Kwa matendo kila mmoja alikuwa akijitafutia nchi.

Ptolemy, aliyepewa Misri kama liwali, aliuteka mwili wa Alexander ulipokuwa njiani, akaupeleka Misri, maana mwenye maiti ya mfalme alionekana kuwa na haki ya kurithi heshima yake. Perdiccas alimwendea kwa vita, lakini alishindwa kuuvuka mto Nile, akapoteza watu wengi, na maofisa wake wenyewe wakamwua. Arrhidaeus aliuawa mwaka 317 K.K. Yule mtoto na mama yake waliuawa kwa siri yapata mwaka 310 K.K., kwa amri ya Cassander aliyeishika Makedonia. Nyumba ya Alexander ikakoma. Danieli 11:4 yalikazia jambo hili, kwamba ufalme haukuwaendea wazao wake.

Tangu mwaka 306 K.K. majemadari walianza kujiita wafalme, mmoja baada ya mwingine. Wa kwanza alikuwa Antigonus, aliyetaka kuitawala dola yote. Wenzake waliungana juu yake, naye akauawa vitani huko Ipsus mwaka 301 K.K., akiwa mzee wa miaka ipatayo 80. Hapo ndipo zilipoonekana wazi nchi nne: Ptolemy katika Misri, Seleucus katika Babeli na Shamu, Lysimachus katika Thrakia na sehemu kubwa ya Asia Ndogo, na Cassander katika Makedonia. Basi hizo pembe nne zilipatikana baada ya miaka 22 ya kumwaga damu. Wala hazikudumu. Nyumba ya Cassander ilianguka upesi baada ya kifo chake. Mwaka 281 K.K. Lysimachus aliuawa akipigana na Seleucus, na mwaka huohuo Seleucus naye akauawa kwa hila. Hatimaye zilibaki nyumba tatu kubwa: ya Ptolemy, ya Seleucus, na ya wazao wa yuleyule Antigonus aliyeshindwa Ipsus, ambao waliipata Makedonia.

Kusini na Kaskazini

Uyahudi ulikuwa katikati ya nyumba mbili za kwanza. Mfalme wa Kusini ni yule wa Misri, na mfalme wa Kaskazini ni yule wa Shamu. Walipigana vita sita kati ya mwaka 274 na 168 K.K. Hata ndoa zao zilizaa vita. Berenice, binti wa mfalme wa Misri, aliolewa na Antiochus wa Pili ili kuleta amani, lakini mwaka 246 K.K. aliuawa pamoja na mwanawe, na vita vikawaka tena (taz. Dan. 11:6-7). Huko Rafia, mwaka 217 K.K., jeshi la Kusini lilishinda, ingawa tembo wake wa Afrika waliwaogopa tembo wa Bara Hindi wa jeshi la Kaskazini. Lakini yapata mwaka 200 K.K. Antiochus wa Tatu aliwashinda Wamisri huko Panium, na Uyahudi ukawa chini ya Shamu.

Antiochus huyo alijaribu kupambana na Warumi, akashindwa. Kwa mapatano ya mwaka 188 K.K. alitakiwa kulipa talanta 15,000 za fedha, nyingi kati ya hizo kwa mafungu ya kila mwaka kwa miaka 12. Deni hilo lafafanua mengi yaliyofuata. Antiochus mwenyewe aliuawa mwaka 187 K.K. alipokwenda kuliteka nyara hekalu moja la mashariki. Mwanawe Antiochus wa Nne, aliyetawala tangu mwaka 175 K.K., naye alihitaji fedha, na Yerusalemu walikuwapo watu waliokuwa tayari kuzitoa. Yasoni aliununua ukuhani mkuu kwa mfalme huyo. Miaka mitatu hivi baadaye Menelao aliahidi kiasi kikubwa zaidi, naye akaupata. Yaani, kabla mgeni hajalitia hekalu unajisi, wenyeji walikuwa wamekwisha kuipiga mnada huduma yake.

Mwaka 168 K.K. Antiochus alikuwa karibu kuitwaa Misri yote. Mjumbe wa Roma alimchorea duara mchangani, akamtaka ajibu kabla ya kutoka ndani yake kama angeondoka au la. Akaondoka kwa aibu (taz. Dan. 11:30). Mwaka uliofuata alipiga marufuku torati, na sadaka ya daima ikakomeshwa. Yuda Makabayo na ndugu zake walipigana hata hekalu likawekwa wakfu tena mwaka 164 K.K. Bwana wetu alikuwa Yerusalemu wakati wa sikukuu ya kumbukumbu hiyo (Yn. 10:22).

Faida kwa mhubiri

Kwanza, twajifunza kuyasoma Maandiko mahali pake. Wataalamu wengi waona kwamba sura za mwisho za Danieli ziliandikwa katika dhiki ya Antiochus wa Nne. Wengine washika kwamba ziliandikwa zamani zaidi, katika siku za uhamisho. Pande zote mbili zakubali kwamba sehemu kubwa ya sura ya 11 yahusu wafalme wa Misri na Shamu. Mhubiri anayeanzia hapo hatakuwa na haja ya kuwatafuta wafalme hao katika habari za redio.

Pili, tusivipuuze vitabu vya Makabayo. Luther aliviweka kati ya vitabu ambavyo havilingani na Maandiko Matakatifu, ila ni vema kuvisoma. Bila hivyo, karne mbili kabla ya Kristo hubaki giza kwa wanafunzi wetu.

Tatu, Mungu alitumia hata mabaki ya dola ile. Katika Iskanderia torati ilitafsiriwa kwa Kiyunani katika karne ya tatu K.K., na lugha hiyo iliyoenezwa na askari na wafanya biashara ndiyo Paulo aliyoiandikia makanisa. Jambo hilo haliwatakasi majemadari wale.

Hitimisho

Majemadari wote walisema kwamba wailinda nyumba ya bwana wao, na katika miaka 13 hakuna aliyebaki katika nyumba hiyo. Sisi nasi tu wasimamizi wa nyumba isiyo yetu. Tuwapo katika chaguzi za viongozi wa Kanisa, na katika mabishano ya mipaka na mali, yatupasa kujiuliza kama twamtunzia Bwana urithi wake, au twagawana. Wala tusimlaumu Antiochus peke yake. Tumkumbuke na Yasoni, aliyefika kwa mfalme na fedha mkononi, akiomba ukuhani.