Kulitambua Yungiyungi la Buluu

Yungiyungi la buluu, ambalo wataalamu wa mimea huliita Nymphaea nouchali, ni mmea wa kudumu, yaani unaoishi miaka mingi, unaoota katika mabwawa na vinamasi vya Afrika Mashariki, na ambao shina lake nene lililozama topeni huhifadhi chakula hata maji yanapopungua na majani kutoweka. Jani lake linaloelea ni la mviringo, lenye mpasuko unaotoka ukingoni hadi kwenye kikonyo, yaani kijiti kinacholishikilia. Ua huinuka juu ya maji likiwa na petali zilizochongoka, zinazozunguka stameni za manjano, ambazo ni viungo vya kiume vitoavyo chavua. Hufunguka mchana na kufumba baadaye. Rangi peke yake, hata hivyo, ni shahidi dhaifu, kwa kuwa huweza kufifia hadi kukaribia weupe, na hapo ndipo wengi hulichanganya na Nymphaea lotus, lenye maua meupe yanayochanua usiku na majani yenye meno makali ukingoni. Gugu maji lililovamia Ziwa Victoria halipaswi kumbabaisha mtu: maua yake ya zambarau hushikana katika kishada kimoja, na vikonyo vyake vilivyojaa hewa huliwezesha kuelea bila kujishikiza topeni.