JE, WAJUA? Kamera Iliyoshuka Mto Kongo

Dieudo Hamadi, mwongozaji wa filamu za hali halisi kutoka Kisangani, alisomea udaktari kabla ya kushika kamera.

• Mwaka 2000, majeshi ya Uganda na Rwanda yalipigana mjini Kisangani kwa siku sita. Miaka mingi baadaye, manusura wa vita hivyo walipopanda boti kwenda Kinshasa kudai fidia, Hamadi alipanda nao na kamera yake. Wengine walikuwa wamepoteza miguu. Mvua kubwa iliwanyeshea njiani.

• Filamu ya safari hiyo, En route pour le milliard, ilikuwa ya kwanza kutoka Kongo-Kinshasa kuingia katika orodha rasmi ya tamasha la filamu la Cannes, mwaka 2020.

• Filamu yake nyingine, Maman Colonelle (2017), inamfuata kanali wa polisi, mwanamke, anayewatetea wanawake waliobakwa na watoto walioteswa.