Namba Mbili wa Ligi za Chini

Januari 17, 2024, mjini San-Pédro, Ivory Coast, Taifa Stars walikuwa wanafungua AFCON dhidi ya Morocco, timu iliyocheza nusu fainali ya Kombe la Dunia miezi 13 tu kabla ya siku ile. Niliitazama mechi hiyo kwenye banda umiza, tumebanana mabegani. Katika kikosi chetu walikuwamo wachezaji wa daraja la tano la England, miongoni mwao Haji Mnoga, beki wa kulia aliyekuwa Aldershot Town kwa mkopo kutoka Portsmouth, na kiungo Tarryn Allarakhia wa Wealdstone. Mzee mmoja aliyekaa mbele yangu aliposikia hivyo aligeuka: "Daraja la tano? Si ni ndondo hiyo?"

Tulifungwa 3-0 siku ile, na swali la yule mzee sijalisahau. Nimefundisha mabeki kwa miaka mingi, na naona tunawahukumu vibaya vijana wa namna hii kwa sababu England tunayoijua ni ile ya Ligi Kuu peke yake.

Chini ya timu 20 za Ligi Kuu kuna Championship, League One na League Two, kila moja ikiwa na timu 24. Jumla yake ni klabu 92, na zile 72 za chini ndizo zilizo chini ya EFL, chombo kinachoendesha madaraja hayo matatu. League Two ni daraja la nne. Ligi inayofuata, National League, ndiyo daraja la tano, nayo pia ina timu 24. Ligi hizo mbili zimeunganishwa na ngazi: kila msimu timu mbili hushuka kutoka League Two na mbili hupanda, moja kwa ubingwa na nyingine kwa mechi za mtoano. Bromley, ambako Mnoga aliwahi kupelekwa kwa mkopo, ilipanda kwa njia hiyo ya mtoano mwaka 2024 na kuingia EFL kwa mara ya kwanza katika historia yake. Kwa hiyo daraja la tano si ndondo. Wengi humo wanaishi kwa mpira, wana mikataba na mazoezi ya kila siku, na msimu wao ni wa mechi 46 za ligi, nane zaidi ya zile za Ligi Kuu.

Mnoga alizaliwa Portsmouth mwaka 2002, mtoto mwenye asili ya Tanzania, akakulia kwenye akademi ya klabu ya mji huohuo. Oktoba 2018, akiwa na miaka 16, aliingizwa timu ya wakubwa kwenye EFL Trophy, kombe ambalo klabu nyingi hulitumia kuwapima vijana wao. Mwanzo mzuri. Ila kuanzia hapo ndipo panapoonekana ugumu wa kuwa beki.

Winga wa miaka 17 kocha humpa dakika 20 za mwisho. Akikosea, mpira unapotea kule mbele na watu wanasahau. Beki haingizwi hivyo. Safu ya ulinzi ni watu wanne waliozoeana, kila mmoja anajua mwenzake atasimama wapi mpira ukitoka kushoto kwenda kulia, na hakuna kocha anayependa kuwavuruga dakika ya 70 huku anaongoza 1-0. Kosa la beki linakuwa bao, na bao linakuwa pointi. Ndiyo maana beki kijana anaweza kumaliza msimu mzima akifanya mazoezi vizuri sana, na Jumamosi akaishia benchi au jukwaani. Kazi hii hufunzwa na makosa yanayouma, na mechi za vijana haziumi vya kutosha.

Dawa yake ni mkopo. Portsmouth walimpeleka Mnoga Bromley, kusini mashariki mwa London. Kisha Weymouth, mji wa pwani. Kisha Gillingham, kule Kent, iliyokuwa League Two. Kisha Aldershot, mji unaojulikana Uingereza nzima kwa kambi za jeshi. Yote hayo kati ya 2021 na 2024. Huku kwetu mchezaji akitolewa kwa mkopo tunasema "ameachwa", na wengine humcheka. Mimi naona beki wa miaka 19 anayecheza Jumamosi na Jumanne mbele ya watu waliolipa kiingilio, timu ikikimbia kushuka daraja, yuko mahali bora kuliko mwenzake anayelala kwenye hosteli ya klabu kubwa bila mechi.

Anachojifunza huko ni hiki. Chukua mpira wa kurusha. Usiku wa Februari, uwanja umelowa, mpinzani amekausha mpira kwa taulo na anaurusha hadi kwenye sita. Straika wao ana miaka 33, mzito, na amekufanyia hesabu tangu dakika ya kwanza. Hakimbilii mpira. Anakuegemea kwanza kwa mgongo, anakusogeza hatua moja, na hiyo hatua moja ndiyo bao. Beki aliyetoka akademi huutazama mpira. Aliyekwisha kupita huku husimama ubavu, mguu mmoja mbele, mkono umegusa kiuno cha mpinzani kiasi cha kujua anakokwenda bila kumshika, halafu anaruka wa kwanza. Na akishinda kichwa kazi haijaisha. Kwenye ule mpira unaodondoka baada ya kichwa ndiko mabao mengi ya ligi hizi yanakotoka, na nani anaukimbilia lazima iwe imeamuliwa kabla haujarushwa.

Kwa namba mbili, yaani beki wa kulia, kuna jambo la pili, nalo ni krosi inayotoka upande wa pili. Mpira uko kushoto, wewe uko kulia, na winga wao amejificha nyuma ya bega lako. Ukigeuka kumtazama, umepoteza mpira. Ukikazia macho mpira, umempoteza yeye. Vijana wangu nawaambia wafungue mwili, kifua kielekee kati ya viwili hivyo, na shingo igeuke kila baada ya sekunde. Ni rahisi kusema. Kulifanya mara 30 katika mechi moja, mapafu yakiwaka, kunahitaji mechi nyingi sana miguuni.

Sasa rudi San-Pédro. Baada ya kile kipigo Stars walibadilika: kocha Adel Amrouche alisimamishwa, Hemed Suleiman "Morocco" akashika timu, tukatoka 1-1 na Zambia na 0-0 na DR Congo. Pointi mbili hazikutuvusha. Lakini jioni ile ya Korhogo dhidi ya DR Congo safu yetu ya ulinzi ilijua inasimama wapi, na nilitamani yule mzee wa banda umiza awe amekaa karibu yangu.

Maisha haya yana upande mchungu. Mikataba ya madaraja ya chini ni mifupi, mara nyingi mwaka mmoja au miwili, na mwisho wake ni Juni 30. Kila mwisho wa msimu klabu hutoa orodha ya wanaobaki na wanaoondoka, na kijana mwenye kodi ya nyumba huisoma kwenye simu yake. Portsmouth walitwaa ubingwa wa League One mwaka 2024 na kupanda Championship. Majira hayohayo ya joto Mnoga aliondoka kwenye klabu iliyomlea, akaenda Salford City ya League Two. Klabu yake ilipanda ngazi na yeye akaanza upya mahali pengine, tena akiwa na miaka 22 tu.

Salford si klabu ya kubezwa. Gary Neville na wenzake wa Manchester United waliinunua ikiwa daraja la nane, na ikapanda mara nne ndani ya misimu mitano hadi kuingia EFL mwaka 2019.

Liko jambo moja ambalo mashabiki wa Stars wanapaswa kulijua pale Mnoga au mwingine wa aina yake anapoitwa. Ligi Kuu na Championship husimama wakati wa kalenda ya FIFA. League Two haisimami. Klabu inaweza kuomba mechi iahirishwe ikiwa wachezaji wake watatu au zaidi wameitwa timu za taifa. Akiitwa mmoja, mechi inachezwa. Kwa hiyo kila anapopanda ndege kuja kuvaa jezi yetu, Jumamosi ile kuna kijana mwingine anavaa jezi yake kule Salford. Akicheza vizuri, kocha hana sababu ya kumtoa. Na Mnoga amekuwa akipanda ndege.