Kisanduku cha Faiba Nguzoni: Ufungaji Wake, Hitilafu Zake na Haki za Mtumiaji

Katika mitaa iliyofikiwa na intaneti ya faiba, juu ya nguzo au kwenye ukuta wa nje huonekana kisanduku cha plastiki chenye nyaya nyembamba zinazotoka chini yake kuelekea majumbani. Watumiaji wengi hawakitilii maanani hadi siku intaneti inapokatika. Hapo ndipo hujitokeza mtu mwenye ngazi anayeahidi kukifungua na kumaliza tatizo kwa malipo kidogo.

Tunawashauri watumiaji wasikubali. Kisanduku ni mali ya mtoa huduma, na wajibu wa kukitunza ni wake. Wajibu wa mtumiaji ni kutambua kama hitilafu imo ndani ya nyumba yake au nje, kisha kudai haki yake akiwa na ushahidi.

Kilichomo ndani ya kisanduku

Mkongo wa faiba husafirisha mwanga, si umeme. Mwanga huo ukifika kisandukuni hupita katika kifaa kinachougawa, kwa mfano kwa nyumba 8 au 16. Ukigawanywa kwa nyumba 8, kila nyumba hupata pungufu kidogo ya thumuni ya mwanga ulioingia. Sehemu ya uzi wa kioo inayopitisha mwanga ina upana wa mikromita 9 hivi, yaani ni nyembamba kuliko unywele. Kwa sababu hiyo, chembe moja ya vumbi au tone la maji kwenye kiungio huweza kudhoofisha huduma.

Dalili za ufungaji mzuri

Siku ya kuunganishwa, yakague mambo yafuatayo ukiwa chini, bila kupanda nguzo:

1. Kifuniko kimefungwa barabara, na matundu yasiyotumika yamezibwa.
2. Nyaya zinaingia kisandukuni kwa upande wa chini, si kwa juu ambako maji ya mvua yangezifuata hadi ndani.
3. Kabla ya kuingia ukutani kwako, waya umeachwa uning'inie kidogo chini ya tundu ili maji yadondokee nje.
4. Waya haukukunjwa kwa kona kali, haukufungwa kwenye tawi la mti, wala haugusi nyaya za umeme.
5. Waya wako umewekewa alama inayoutambulisha, ili fundi atakayekuja kwa jirani asiuchomoe kwa makosa.

Kabla fundi hajaondoka, mwombe akuoneshe kipimo cha nguvu ya mwanga kinapoingia nyumbani, nawe ukiandike. Kwa modemu nyingi za majumbani, kipimo kinachokubalika huwa kati ya -8 na -27 dBm. Namba hizi ni hasi, kwa hiyo -20 ni mwanga wenye nguvu zaidi kuliko -26. Kipimo cha -26 huweza kufanya kazi leo, lakini hakiachi nafasi ya kuhimili uchafu au unyevu wa kesho.

Intaneti inapokatika

Anza kwa kutazama taa za modemu.

Ikiwa hakuna taa hata moja inayowaka, kagua umeme, soketi na adapta.

Ikiwa taa yenye maandishi LOS inawaka nyekundu, mwanga haufiki kwenye modemu. Kagua waya wa faiba ulio nyuma yake: huenda umekunjwa, umebanwa na kabati au umetafunwa na panya. Usiufute ncha kwa nguo na usiichungulie.

Ikiwa taa ya LOS imezimika na ile ya PON imetulia katika kijani, mwanga unafika. Katika hali hiyo, kisanduku hakielekei kuwa chanzo. Hakikisha kifurushi hakijakwisha, zima modemu kisha uiwashe tena, na ujaribu kuunganisha kompyuta kwa waya badala ya Wi-Fi.

Ikiwa taa ya LOS bado ni nyekundu, waulize majirani wanaohudumiwa na kisanduku hicho hicho. Wote wakiwa wamekatikiwa, hitilafu huenda imo kisandukuni au kwenye mkongo unaokilisha. Ukiwa umekatikiwa peke yako, yaelekea ni waya wako au mahali unapochomekwa. Huduma inayopotea kila mvua inaponyesha na kurejea jua linapowaka huashiria maji katika kisanduku au kiungio. Sisimizi nao hupenda kujenga makazi humo.

Kwa nini usikifungue

Mwanga unaopita katika faiba hauonekani kwa macho, lakini huweza kuyadhuru. Aidha, mtu asiyetumwa na mtoa huduma anaweza kuchomoa waya wa jirani ili kupata nafasi ya wako, na kesho wako ukachomolewa vivyo hivyo. Kuharibu miundombinu ya mawasiliano kwa makusudi ni kosa kisheria. Hata pasipo mashtaka, kisanduku kilichochezewa humpa mtoa huduma sababu ya kukulaumu kwa hitilafu ambayo haikuwa yako.

Namna ya kudai haki yako

Toa taarifa kwa mtoa huduma na upewe namba ya kumbukumbu. Hifadhi tarehe na saa ya tukio, picha ya taa za modemu, picha ya kisanduku iliyopigwa kutoka chini, na kipimo ulichoandika siku ya kuunganishwa. Fundi akifika, omba kuona kitambulisho chake, kisha mwombe apime mwanga tena na ulinganishe vipimo viwili hivyo. Ukitakiwa kulipia matengenezo ya kisanduku, omba maelezo kwa maandishi, na usitoe fedha bila risiti.

Usiporidhika na majibu ya mtoa huduma, wasilisha lalamiko lako kwetu, Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania, ukiambatanisha kumbukumbu hizo. Sheria ya Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania ya mwaka 2003 inatupa jukumu la kuyashughulikia malalamiko ya watumiaji, na ofisi zetu za kanda huyapokea. Lalamiko lenye tarehe, picha na vipimo hutuwezesha kumhoji mtoa huduma kwa hoja mahususi, naye hupata ugumu wa kulijibu kwa maneno matupu.