Kalambo: Maporomoko ya Maji na Gogo Lisilooza

Katika nchi ya Ufipa, mkoani Rukwa, yako mafundisho mawili ya sayansi ambayo kwa mtazamo wa kwanza yaonekana kupingana. La kwanza ni tuta la mkulima. Tangu zamani Wafipa wamelima kwa matuta ya duara. Mvua zinapokaribia kwisha, nyasi hufunikwa chini ya udongo uliopinduliwa kwa jembe, nazo huoza humo. Msimu ufuatao tuta hutawanywa, na mbolea hiyo hulisha ulezi. Kwa miezi michache tu, jani lililofukiwa hugeuka kuwa udongo mweusi.

Fundisho la pili liko kwenye Mto Kalambo, mpakani mwa Tanzania na Zambia. Huko yalipatikana, chini ya tope na mchanga, magogo mawili yaliyochongwa kwa zana za mawe. Magogo hayo yamelala ardhini kwa muda upatao miaka 476,000, wala hayakuoza.

Kwa nini jani lioze kwa msimu mmoja, na gogo lidumu kwa karne zaidi ya elfu nne? Jibu la swali hili halihitaji maabara peke yake. Sehemu kubwa yake huonekana kwa macho na mtu yeyote afanyaye matembezi ya siku moja, akiongozwa na mwenyeji aijuaye ardhi hiyo.

Njia ya kuelekea mtoni

Msafiri hutoka Sumbawanga, mji ulioko kwenye kimo cha mita 1,800 hivi juu ya usawa wa bahari, akapitia Matai, makao makuu ya Wilaya ya Kalambo. Mashamba ya mahindi na maharage ya Mwimbi na vijiji vingine yametandaa juu ya uwanda huo huo. Mwisho wa safari ni kijiji cha Kapozwa, ambako matembezi ya miguu huanzia.

Kabla ya kuanza kuteremka, yafaa kiongozi asimame na kueleza umbo la nchi. Ufipa ni mfano wa meza iliyowekwa kati ya mabonde mawili. Upande wa mashariki ardhi inakatika ghafula na kushuka hadi bonde la Ziwa Rukwa. Upande wa magharibi inashuka hadi Ziwa Tanganyika, ambalo uso wake uko kwenye kimo cha mita 770 hivi, na kina chake hufikia mita 1,470. Ni ziwa la pili kwa kina duniani. Mabonde yote mawili ni sehemu ya Bonde la Ufa. Gamba la dunia lilivutwa pande mbili likapasuka, vipande vya kati vikazama, na Ufipa ikabaki juu.

Kutokana na umbo hilo, maji ya mvua inyeshayo juu ya meza hiyo hayana budi kushuka karibu mita 1,000 kabla ya kuingia ziwani. Mto Kalambo hukusanya maji yake kutoka vilima na mabonde ya uwanda wa juu, ukatembea polepole, kisha ukafika ukingoni.

Njiani hupitiwa pia miti ya miombo. Mwezi Septemba na Oktoba, kabla tone la kwanza la mvua halijaanguka, miti hiyo huchipua majani mekundu. Mizizi yake hushika udongo, na majani yaangukayo huufunika kama mkeka, hata mvua kubwa ikinyesha maji hunywewa na ardhi badala ya kukimbia juu yake. Maji yaliyonywewa ndiyo yatokayo kidogo kidogo kwenye chemchemi wakati wa kiangazi. Mgeni na aliweke jambo hili moyoni, maana litahitajiwa mwishoni mwa matembezi.

Maji yanayoanguka

Sauti husikika kabla ya maporomoko kuonekana. Mto ambao upana wake pale ukingoni ni mita chache tu hujirusha kutoka juu ya mwamba, ukaanguka kwa mkupuo mmoja zaidi ya mita 200. Maporomoko mashuhuri ya Mosi-oa-Tunya kwenye Mto Zambezi yana kimo cha mita 108. Kalambo ni mara mbili yake, ingawa maji yake ni machache sana yakilinganishwa na yale. Baada ya masika mto hujaa. Mwisho wa kiangazi hubaki utepe mweupe ambao upepo huupeperusha kabla haujafika chini.

Kwenye rafu za mwamba, pande zote mbili za korongo, huonekana ndege wakubwa weusi na weupe, wenye kichwa kisicho na manyoya na mfuko wa ngozi uning'iniao shingoni. Ni marabu, wale wale waonekanao majalalani katika miji mingi. Hapa huzaliana wakati wa kiangazi, mahali ambapo hakuna chui wala nyani awezaye kufika kirahisi. Upepo upandao ukutani mwa korongo huwainua bila wao kupiga mbawa sana.

Wageni wengi hurudi nyumbani kutoka hapo. Kiongozi mwenye maarifa huwaomba wageuke na kutazama upande wa pili, yaani kule mto unakotoka.

Kizingiti cha mwamba

Juu ya maporomoko kuna bonde dogo, tambarare, lenye nyasi na matete, ambamo mto hupindapinda bila haraka. Kati ya bonde hilo na maporomoko, maji hupita kwenye mwanya mwembamba wa mwamba mgumu. Mwamba huo ni kizingiti cha nyumba: hakuna kitokacho ndani ila kwa kupita juu yake. Kwa kuwa mwamba mgumu hulika polepole mno, mto ulio nyuma yake hauwezi kuchimba chini zaidi ya kizingiti. Badala ya kuchimba, hutua mizigo yake. Changarawe, mchanga na tope hutandazwa tabaka juu ya tabaka, na mara kwa mara mto huhama njia, ukakata tabaka za zamani na kutandaza mpya.

Hivyo maporomoko, ambayo huonekana kuwa nguvu ya kubomoa, yana nyuma yake ghala la kuhifadhi. Na ghala hilo limelowa maji mwaka mzima.

Kwa nini gogo halikuoza

Kuoza si kazi ya wakati. Ni kazi ya viumbe hai: kuvu, bakteria na wadudu. Kuvu ndio walaji wakubwa wa mti, nao wahitaji vitu viwili pamoja, maji na oksijeni. Kikikosekana kimoja, kazi husimama. Mkulima yeyote aliyejenga ua analijua jambo hili: nguzo huoza kwanza penye usawa wa ardhi, mahali unyevu na hewa vinapokutana, ilhali sehemu ya juu iliyo kavu hudumu zaidi.

Tuta la Ufipa ni mahali hewa na unyevu hukutana kwa makusudi. Udongo umepinduliwa, umelegea, hewa inapita. Kwa hiyo nyasi huoza upesi, kama mkulima atakavyo. Tope la Kalambo ni kinyume chake. Nafasi zote kati ya chembe zake zimejaa maji, na oksijeni husafiri kwa taabu kubwa ndani ya maji yaliyotulia. Ile kidogo iliyokuwemo ilikwisha tumiwa zamani, na nyingine haikuingia. Gogo likabaki kama lilivyowekwa, hata alama za zana zilizolichonga zikabaki.

Umri ulivyopimwa

Mahali hapo palitambuliwa mwaka 1953 na mwanaakiolojia J. Desmond Clark. Katika uchimbaji uliofuata, hadi miaka ya 1960, alipata zana nyingi za mawe, na pia vipande vya miti ambavyo vilielekea kuwa vimechongwa. Tatizo lilikuwa umri. Kipimo cha kaboni, kilichokuwa kipya wakati huo, hutegemea kaboni ya namna ya pekee ambayo nusu yake hupotea kila baada ya miaka 5,730. Ikipita miaka 50,000, hubaki chini ya sehemu moja kwa mia nne, kiasi kidogo mno kupimika kwa uhakika. Miti ya Kalambo ilikuwa mikongwe kuliko saa iliyotumika kuipima.

Mwaka 2019 wachimbaji wakiongozwa na Larry Barham wa Chuo Kikuu cha Liverpool walirudi mtoni, upande wa Zambia, wakitumia saa ya namna nyingine. Hawakupima mti, bali mchanga ulioufunika. Chembe ya mchanga iliyozikwa hupokea mionzi hafifu kutoka udongo unaoizunguka, na nguvu ya mionzi hiyo hukusanyika ndani yake. Mwanga wa jua huiondoa yote. Ni kama debe tupu lililowekwa chini ya paa livujalo: ajuaye matone mangapi hudondoka kwa saa, na kiasi cha maji yaliyomo debeni, aweza kusema debe limekaa hapo muda gani. Ndiyo sababu sampuli huchukuliwa bila kuachwa zipigwe na mwanga, kisha hupimwa gizani.

Matokeo yalitangazwa Septemba 2023 katika jarida la Nature. Magogo mawili, moja likiwa limelala juu ya jingine na kukaa ndani ya pengo lililochongwa ili yashikane, yalikuwa na umri wa miaka 476,000, kwa kosa lisilozidi sana miaka 23,000 kila upande. Katika tabaka za baadaye, za kati ya miaka 390,000 na 324,000 iliyopita, zilipatikana zana nyingine za mti, miongoni mwake kabari na kijiti cha kuchimbia.

Mabaki ya kale kabisa ya binadamu wa jinsi yetu yajulikanayo, yaliyopatikana Moroko, yana umri wa miaka 300,000 hivi. Kwa hiyo waliochonga magogo ya Kalambo walitangulia. Pengine walijenga jukwaa au njia ya kupitia juu ya ardhi yenye majimaji. Vyovyote iwavyo, aungaye gogo na gogo amekwisha kuona kwa akili yake kitu ambacho bado hakijakuwepo.

Hifadhi isiyo na kufuli

Yasiwaziwe kwamba hazina hii imelindwa kwa sababu imefukiwa. Inalindwa na maji. Maji yaliyomo ardhini yakishuka, tope litapasuka, hewa itaingia, na kuvu waliongoja kwa miaka laki nyingi watamaliza kazi kwa misimu michache. Na maji hayo hutegemea uwanda wote wa juu, ambao sehemu yake iko Tanzania. Miombo ikikatwa na kuchomwa moto kila mwaka, mvua itakimbia juu ya ardhi. Masika mto utakuja kwa kishindo na kula kingo zake, na kiangazi utapungua.

Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto. Kwa familia itegemeayo bustani ya bondeni wakati wa kiangazi, mita hizo ni chakula, si tarakimu. Yafaa basi mwanakijiji aelezwe sababu, si amri tupu; na aliyekwisha kutengeneza matuta maisha yake yote ataielewa upesi kuliko wengi. Shambani huipindua ardhi ili hewa iingie, maana ataka nyasi zioze. Penye mto, ardhi iachwe imelala.

Naye mgeni ana wajibu mdogo. Akiona jiwe lililochongwa au kipande cheusi cha mti kikichungulia ukingoni, asikiokote. Kikitolewa mahali pake hupoteza mchanga uliokizunguka, na mchanga huo ndio saa yake. Amwite kiongozi, wapaandike mahali hapo, kisha wakiache kilipo, ndani ya tope.